Mpiga Sinema Niliyempimia

Ninyi vijana mtakaosoma haya, ninyi ambao kila mmoja ana kamera mfukoni na mnapiga picha hata sahani ya wali kabla hamjaila, kaeni vizuri niwaeleze habari za mtu mmoja. Sitaki mtu acheke kabla sijamaliza. Na mkimaliza, kama yupo mwenye akili kunizidi, anijibu swali moja: je, ni mimi niliyemharibia mtu huyu kazi ya maisha yake, au si mimi? Swali hili nimelibeba miaka mingi. Nimeuliza, nimejibiwa, na jibu limenichanganya kuliko swali lenyewe.

Jina lake silitaji. Kule Issuna tulimwita Mpiga Sinema, naye aliitika. Alizaliwa wapi, ni wa ukoo gani, msiniulize, kwa sababu na mimi sikumwuliza. Ninayoyajua yalianzia barazani kwangu, pale nilipokuwa naweka cherehani, na alikuja amebeba kitambaa cheusi.

Zilikuwa siku za ruksa, serikali ilipofungulia biashara. Watu wanazisifu siku zile kwamba sabuni ilirudi dukani, na kweli ilirudi. Kwangu mimi ruksa ilikuja na marobota ya mitumba. Mwanamke aliyekuwa akishona gauni kwangu kila Idi, sasa anajinunulia sokoni gauni la mzungu mnene, ananiletea nipunguze kiuno. Kwa hiyo siku hiyo nilikuwa nimekaa tu, mikono mitupu.

"Mama, nataka unishonee mfuko," akasema. "Uwe na mikono miwili, kama shati."

"Na shingo?"

"Hauna shingo."

"Sasa unafungukia wapi?"

"Huku chini, kwa zipu. Zipu mbili, moja ndani ya nyingine. Na kitambaa kiwe safu mbili. Ndani kusiingie mwanga hata wa tundu la sindano."

Nikakisukuma kile kitambaa upande wake. "Bwana, mimi ni mtu wa swala tano. Nguo ya mtu asiye na kichwa kashonewe kwingine."

Alicheka mpaka akashika nguzo ya baraza. Ndipo akanieleza kwamba mkanda wa sinema ukiona mwanga kabla ya wakati wake unakufa, kwa hiyo huubadilisha kwenye kamera kwa kupapasa, mikono ikiwa ndani ya mfuko na macho nje. Nikashona. Siku ya kuuchukua aliingiza kichwa humo, akasimama katikati ya uwanja wangu saa saba ya jua kali, muda mrefu, watu wakaanza kukusanyika. Alipotoa kichwa jasho linamtiririka. "Sioni kitu! Mama Hadija, sioni kitu kabisa!" Sijapata kumwona mwanamume aliyefurahi namna ile kwa kutoona.

Aliwahi kuajiriwa Dar es Salaam akipiga sinema za mbolea na chanjo ya kuku. Ajira ikaisha, kama zilivyoisha za wengi miaka ile. Wenzake wakafungua maduka. Yeye akasema sasa atapiga sinema yake mwenyewe, isiyokuwa na mbolea. Akaja mkoani kwetu kwa sababu, nilivyomsikia akisema, jua la Singida halina unafiki. Mjini alipiga harusi kwa kamera ya video, na alichopata alikitia kwenye ile sinema yake. Harusi zilimlisha, sinema ilimla.

Na harusi zenyewe alizipiga ovyo, au vizuri mno, sijui niseme lipi. Mfanyabiashara mmoja wa mafuta ya alizeti alimwita kwenye harusi ya mwanawe. Mkanda ulipofunguliwa kwenye televisheni, watu wakaona wapishi wanapakua, shangazi wa bwana harusi anavua viatu chini ya meza na kukanda vidole, na mama wa bibi harusi amesimama peke yake nyuma ya hema anafuta uso kwa pembe ya khanga.

"Gari liko wapi?" yule tajiri akafoka. "Nimeagiza gari jipya ukalipige, wewe umenipigia miguu ya dada yangu!"

"Gari lako lipo, mzee. Linapita pale nyuma ya shangazi."

Lakini mtu huyohuyo aliyedharau harusi, nimemwona mimi kwa macho yangu akilia wakati wa kumkabidhi bibi harusi, kamera begani, machozi yanamdondoka mpaka kwenye ukosi. Alivitukana vibanda vya video vilivyochipuka mjini na karate zao, akisema vinawapofua watu. Hadija wangu akamkuta mara mbili kwenye kibanda hichohicho, benchi la mbele, anarusha mguu pamoja na watoto. Nilipomwuliza akanijibu, "Nilikwenda kuangalia taa zao." Alikuwa mwongo wa mambo madogo. Alikudanganya kwamba amekula, kwamba barua ameijibu, kwamba anakuja kesho. Kwenye habari za mwanga hakudanganya hata siku moja, na kwa sababu hiyo watu walimsamehe.

Alikuwa na misemo yake. "Jua halikopeshi," alisema, na alikuamsha alfajiri kwa msemo huo. Mwingine ulikuwa, "Usinipe uzuri, nipe futi." Huu wa pili ndio ulioniingiza mimi kwenye kazi yake.

Sinema yake ilihusu mama mmoja aliyepotelewa na ng'ombe wake wa pekee. Anamtafuta, anarudi, anakaa ndani anasubiri. Basi. Nilimwuliza ng'ombe anapatikana au hapatikani, akasema hajui bado. Nikamwuliza tena utamtoaje mtu nyumbani kwake kuja kutazama ng'ombe aliyepotea wakati na yeye wa kwake wamepotea. Akacheka tu. Yule mama alikuwa jirani yangu Mama Omari, mwanamke mwenye uso wa mfupa, macho makubwa, asiyeweza kuficha jambo. Mpiga Sinema alisema sinema yote iko ndani ya macho yale.

Sasa kamera ilikuwa ya kuazima, na kile kitundu cha kuchungulia kilikuwa na ukungu. Ukichungulia unaona mtu, lakini hujui kama sura imekaa sawasawa. Dawa yake ni kupima. Mtu anashika futi, anapima kutoka kwenye lenzi mpaka kwenye jicho la anayepigwa, anataja kipimo, mpiga sinema anazungusha pete ya lenzi mpaka kwenye namba ile. Ukikosea, uso unakuwa ukungu. Alijaribu watu wawili watatu, wote wakakosea. Akanikumbuka mimi. Fundi cherehani, mwenye futi shingoni, ambaye mfuko wake haukuvuja mwanga.

Mume wangu alikuwa kazini reli, Manyoni, anakuja mara moja kwa mwezi. Alipopata habari akakaa mkao wa kikao.

"Nasikia unampima Mama Omari pua."

"Jicho, siyo pua."

"Na huyo bwana anafanya nini ukimpima?"

"Anazungusha pete."

"Pete!" Akaingia chumbani. Kesho yake akaja mwenyewe kutazama, akakaa juani kutwa nzima, jioni akaniambia, "Hiyo siyo dhambi. Dhambi haichoshi namna ile."

Tulipiga wiki tano. Nilijifunza kwamba mtu huyu hapigi kelele kwa makosa makubwa. Mguu wa kamera uliwahi kuanguka, hakusema neno. Lakini kivuli cha kidole changu kikimgusa Mama Omari shavuni, alifoka mpaka kuku wakatawanyika. Na mara moja aliniponza vibaya. Ulikuwa mwezi wa kupanda, watu wote wanaangalia juu wakiomba, wingu moja likatokea upande wa Manyoni. Mpiga Sinema akainua mikono mbele ya wakulima akasema, "Ee Mungu, leo lisije!" Wingu likapita. Jioni wazee watatu walikuwa mlangoni kwangu wakitaka kujua nimemkaribisha nani kijijini. Niliwatuliza kwa maneno makali na uji, nikaenda kumwambia, "Wewe, mdomo wako utakuzika huku." Akashangaa kweli. Hakuwa amefikiri kabisa kwamba mtu anaweza kulitakia lile wingu jambo jingine.

Sehemu ya mwisho ilipigwa nyumbani kwa Mama Omari. Amekaa kwenye kigoda karibu na mlango, anasubiri. Kamera karibu sana, uso peke yake. Nikapima. Nikataja. Akazungusha. Mama Omari akatazama nje namna ambayo mimi niliyeshika futi nilisahau kwamba ng'ombe yule ni wa kubuni tu. Mpiga Sinema alipozima kamera akasema, "Nikifa leo, sawa."

Mikanda ikapelekwa kusafishwa nchi za nje, kwani hapa haikuwezekana. Ikakaa miezi. Iliporudi, mabwana wawili waliokuwa wamemwahidi fedha za kuimalizia sinema ile walikuja na gari kutoka Dar es Salaam. Tukaonyeshwa sote mchana, ndani ya ghala la ushirika lililokuwa limebaki tupu, madirisha tumeyaziba kwa magunia, jenereta inanguruma nje.

Mwanzo ulikuwa mzuri. Kijiji chetu, mbuga, mawe, watu wakapiga vigelegele. Mama Omari alipotokea kwa mbali akashangiliwa kama bibi harusi. Kisha ukaja uso wake kwa karibu. Macho hayakuwapo. Yalikuwapo, lakini kama yaliyo chini ya maji. Masikio ndiyo yaliyoonekana, mpaka vinyweleo, mpaka tundu la hereni. Sura iliyofuata ilikuwa safi kabisa. Iliyofuata tena, masikio. Safi, masikio, masikio, safi. Na ile ya mwisho, ya kigodani, ilikuwa masikio matupu.

"Mbona umenitoa macho?" Mama Omari akauliza, na watu wakacheka, naye hakuwa anatania.

Mmoja wa wale mabwana akawasha tochi. "Bwana, hii nini?"

Mpiga Sinema alikuwa amesimama karibu na mashine. Akasema taratibu, "Mtu anayesubiri hatazami. Anasikiliza."

"Una maana umefanya kwa makusudi?"

"Nimesema nilichosema."

Waliondoka kabla ya chai. Nje niliwasikia wakisema kazi haiuziki, na huyu mtu amechanganyikiwa kwa jua. Sinema ile haikumaliziwa. Haikuonyeshwa popote tena, ninavyojua.

Kesho yake alikuja barazani kwangu. Nilitegemea atafoka, nikajiandaa kujibu. Badala yake akasema, "Mama Hadija, hebu nipimie kutoka kwenye cherehani mpaka ukutani."

Nikapima, nikamtajia.

Akachukua futi, akapima mwenyewe. Akatazama namba kwa muda. Akaikunja futi vizuri, akaniwekea mezani. "Sawa," akasema.

Nilikasirika. Niliona ananihakiki kama mwanafunzi. Nikamwambia, "Kama huniamini mimi, tafuta mwingine." Akasema, "Nakuamini." Baada ya wiki akahama, akaenda Rungwa kupiga picha za warina asali kwa watu waliomwajiri, na hakurudi Issuna.

Sasa sikilizeni. Mimi sikuzoea kuandika vipimo vya wateja. Nilifundishwa na mama mkubwa, naye hakujua kuandika, kwamba ukipima mtu, papo hapo unaongeza vidole viwili vya mshono, na hicho ndicho unachokishika kichwani. Ukikiweka kichwani kitupu utakuja kusahau kuongeza, na gauni litambana mtu. Nilifanya hivyo maisha yangu yote. Sikuwa nafikiri kwamba naongeza. Kwangu mimi hicho ndicho kilikuwa kipimo.

Miaka ilipita. Mume wangu alistaafu, tukajenga nyumba ya bati. Fundi vioo akaniomba nimpimie madirisha, yeye akate vioo mjini avilete. Akaleta vinne. Vyote vinne havikuingia.

"Mama Hadija," fundi akasema, ameshika kioo hewani, "umenipa kipimo cha dirisha au cha gauni? Kioo hakina mshono, mama!"

Watu wa pale wakacheka, na mume wangu akacheka. Mimi nilikaa chini kwenye mchanga wa ujenzi. Nilimwona Mama Omari kigodani. Vidole viwili nyuma ya macho ni wapi? Ni masikioni.

Ningeweza kumtafuta. Rungwa ni mbali lakini watu wanafika. Sikwenda. Mimi ambaye kijiji kizima kinajua sikwepeshi neno, mimi niliyewafukuza watu kwangu kwa uongo wao wa kikombe cha sukari, nilikaa na hilo tumboni nikajiambia labda amekwisha sahau, labda alikufa, labda kweli alitaka masikio. Hapo pa mwisho ndipo niliposhikilia sana. Kwani si alisema mwenyewe mbele ya watu? Lakini mbona alikuja kupima ukuta? Na kama alijua, mbona hakusema? Na zile sura safi zilitoka wapi, ikiwa kila mara niliongeza?

Baada ya mume wangu kufariki, nilihamia Singida Mjini kwa Hadija. Siku moja natoka sokoni nikasikia sauti nje ya studio ya picha za vitambulisho. "Mwambie asikae hapo, jua linamkata uso!" Nikajua kabla sijageuka. Alikuwa kwenye benchi, mzee, amekonda, jicho moja jeupe. Studio si yake, ni ya kijana aliyemwachia benchi.

"Shikamoo, Mpiga Sinema." Alinizidi miaka michache tu, lakini siku hiyo ilinitoka.

"Marahaba. Ni Mama Hadija wa futi."

Nikakaa. Nikamwambia yote bila kupumua, mshono, mama mkubwa, madirisha manne. Nikamaliza na kusema, "Nimekuharibia sinema yako. Nilijua tangu nilipojenga, nikanyamaza. Nisamehe."

Akasema, "Nilijua siku ya pili."

"Siku ya pili ya nini?"

"Ya kupiga. Niliona kidole gumba chako kinavyosogea kwenye futi. Vidole viwili, kila mara."

"Na ukaniacha?"

"Ningekusahihisha ungeanza kuogopa. Mtu akiogopa anaongeza leo viwili, kesho vitatu. Wewe ulikuwa huyumbi; hata ule ukuta nilipoupima, vilikuwa vilevile viwili. Kosa lisiloyumba ni kipimo. Nikawa napunguza mwenyewe kwenye pete."

Nikadakia, "Basi si mimi!"

"Siku nyingine nilipunguza. Siku nyingine nilisahau."

"Basi ni wewe."

"Lakini usingeongeza, nisingekuwa na cha kusahau."

"Basi ni mimi?"

Gari la abiria likapita, akasubiri vumbi litulie.

"Na ile ya mwisho?" nikamwuliza. "Ile ya kigodani. Ulisahau?"

"Ile nilikumbuka. Nilikuwa nimeshika pete, namba iko kichwani. Mama Omari akageuka akatazama nje, nikaona, mwanamke huyu hatazami. Mkono ukakataa kupunguza." Akalifuta lile jicho jeupe. "Au niliyafikiria hayo baadaye, ghalani, nikayapenda. Mama Hadija, nimejiuliza sana. Sikumbuki."

"Usinitanie mzee mwenzio."

"Sitanii. Ulipokuja kukaa hapa nilitumaini wewe unakumbuka. Ulikuwa karibu yangu. Mkono wangu ulisogea, au haukusogea?"

Nilifikiri sana. Siku ile nilikuwa namtazama Mama Omari, sikutazama mkono. Nikamwambia hivyo. Akatikisa kichwa kama mtu aliyeletewa barua isiyo yake. Nikamwona alivyokaa na kikombe cha chai baridi, na nikamwuliza amekula nini. Akasema amekula. Nikajua hajala.

Nilirudi nyumbani, nikawaita wote, Hadija, mumewe, wajukuu, hata aliyekuwa anaoga nikamwambia avae atoke. Nikasema: "Kesho adhuhuri atakuja mzee mmoja kula hapa, na kila siku baada ya kesho. Mumwamkie, mumnawishe. Akianza kueleza jambo, hata akijipinga mwenyewe mara tatu, mtu asimsahihishe wala asinyanyuke na sahani. Kaeni mpaka amalize."